Tenga la machungwa ni shilingi ngapi? Milinganyo miwili, bei mbili

Msimu wa machungwa ukipita barabara ya Segera kwenda Tanga, pale Muheza utayaona yamepangwa kando ya lami. Sasa chukulia mkulima kauza mzigo mchanganyiko kwa bei ya jumla: matenga 3 ya machungwa na 2 ya machenza, akapewa shilingi 88,000. Baadaye akampelekea mnunuzi yuleyule machungwa 5 na machenza 4, akapata 160,000. (Namba nimezitunga ili hesabu itoke vizuri.) Kila tenga limenunuliwa kwa bei gani? Asipojua, atajuaje kama machenza yanamlipa?

Weka herufi kando kwanza. Fikiria mauzo ya kwanza yamefanyika mara mbili: machungwa 6, machenza 4, shilingi 176,000. Linganisha na mauzo ya pili. Machenza ni 4 kote, kwa hiyo tofauti ya 16,000 imeletwa na tenga moja tu la machungwa. Basi machungwa ni 16,000. Ya matatu ni 48,000, zinabaki 40,000 kwa machenza mawili, yaani 20,000 kila tenga.

Kwa herufi, m ikiwa bei ya tenga la machungwa (bei, siyo machungwa yenyewe!) na c bei ya tenga la machenza:

3m + 2c = 88,000
5m + 4c = 160,000

Zidisha wa kwanza kwa 2, toa wa pili, c inatoweka: m = 16,000. Shuleni wengi tulikaririshwa "alama zikifanana toa, zikitofautiana jumlisha." Inasaidia kwenye mtihani, ila haikuambii kwa nini inaruhusiwa. Sababu ni kwamba pande mbili za mlinganyo zina thamani moja, hivyo ukitoa vilivyo sawa kutoka vilivyo sawa, usawa haupotei.

Sasa je, mauzo ya pili yangekuwa machungwa 6 na machenza 4 kwa 176,000? Ukitoa unapata 0 = 0. Hujakosea. Ni mauzo yaleyale mara mbili, hayana habari mpya. Hata 20,000 na 14,000 zinakubali. Na kama angepewa 170,000? Hapo inatoka 6,000 = 0, kitu kisichowezekana. Maana yake hakuna bei moja inayofaa siku zote mbili: ama bei ilibadilika, ama mtu kapunjwa. Mimi napenda zaidi jibu hili kuliko lile la kawaida.

Ukiongeza ndimu, utahitaji mauzo matatu yasiyorudiana, na unaondoa bei moja baada ya nyingine. Wachina walifanya hivyo kwa vijiti vya kuhesabia miaka kama 2,000 iliyopita, katika kitabu chao cha hesabu chenye sura tisa. Swali la kwanza la sura ya 8 lina nafaka za daraja tatu. Mafungu 3 ya daraja la juu, 2 ya kati na 1 la chini hutoa vipimo 39. Mafungu 2, 3 na 1 hutoa 34. Mafungu 1, 2 na 3 hutoa 26. Fungu moja la kila daraja linatoa vipimo vingapi? Chukua kalamu, anza kwa kutoa wa pili kutoka wa kwanza.