Herufi Mbili na Dhamana Yake

Kila kazi ya kuandika sana hubuni njia yake ya kuandika kidogo. Mwanafunzi afunguaye kamusi ya Kiswahili hukuta herufi nm mbele ya neno, naye hutambua mara moja kwamba neno hilo ni nomino. Akikuta kt, hutambua kwamba ni kitenzi. Zamani, simu ya maandishi ilipolipiwa kwa idadi ya maneno, watu walijifunza kutangaza safari, harusi au msiba kwa maneno matano au sita. Wasahihishaji wa viwanda vya uchapaji nao wana alama zao za pambizoni, ambazo humwambia mpanga chapa afute, aongeze, au aache kama ilivyokuwa.

Katika makala hii tutazungumzia ufupisho wa namna hiyo uliozaliwa katika zama za kompyuta. Nao ni herufi chache ambazo wahariri wa Wikipedia, kamusi elezo iandikwayo na umma kwenye intaneti, huzitumia kueleza walichokibadili katika ukurasa. Kwa mtazamo wa kwanza jambo hili laweza kuonekana dogo. Hata hivyo, kila ufupisho wa aina hii ni ushahidi, na kadiri ushahidi unavyokuwa mfupi, ndivyo unavyomtaka mtoaji wake awe mkweli.

Chimbuko

Mwaka 1995 Ward Cunningham, Mmarekani mtaalamu wa programu za kompyuta, aliweka kwenye intaneti kurasa ambazo msomaji yeyote angeweza kuzihariri papo hapo. Mfumo huo aliuita kwa neno wiki, ambalo katika lugha ya Kihawaii maana yake ni haraka. Neno hilo alikuwa amelisikia katika uwanja wa ndege wa Honolulu, likiwa jina la mabasi ya kuwachukulia abiria. Tarehe 15 Januari 2001 Jimmy Wales na Larry Sanger walianzisha Wikipedia kwa kutumia mbinu hiyo hiyo. Wikipedia ya Kiswahili ilifuata mwaka 2003.

Yafaa tujiulize: ikiwa mtu yeyote aweza kubadili maandishi, wasomaji watajuaje nini kimebadilishwa, na kwa sababu gani? Jibu la mfumo huu ni kwamba toleo la zamani halitupwi. Mhariri anapohifadhi kazi yake, toleo jipya huwekwa juu ya lile lililotangulia, na yote mawili hubaki katika ghala. Ukurasa uitwao historia huorodhesha matoleo hayo yote, kila moja likiwa na tarehe, saa, utambulisho wa mhariri na ukubwa wa maandishi. Msomaji aweza kuyalinganisha matoleo mawili bega kwa bega, la zamani kushoto na jipya kulia, huku maneno yaliyobadilika yakitiwa rangi. Ni katika hali maalumu tu, kama vile maandishi ya kashfa au yanayovunja sheria, ndipo wasimamizi huyaficha yaliyoandikwa.

Mwishoni mwa kila mstari wa historia pana nafasi ndogo ya maneno ya mhariri mwenyewe. Hapo ndipo anapoandika muhtasari wa alichokifanya, na hapo ndipo ufupisho wetu unapopatikana.

Maana ya herufi hizo

Wikipedia ya Kiingereza ndiyo iliyotangulia, kwa hiyo sehemu kubwa ya ufupisho huu imetokana na maneno ya Kiingereza. Herufi sp zina maana kwamba mhariri amesahihisha tahajia. Gr ni sarufi. Ce ni kunyoosha lugha kwa jumla bila kugusa maana. Alama ya kujumlisha huonyesha kwamba kitu kimeongezwa, na rm kwamba kitu kimeondolewa. Ref huhusu chanzo cha habari, na cat huhusu kundi ambamo makala imepangwa.

Herufi dab zinahitaji maelezo zaidi. Hutumika pale mhariri anapoondoa utata wa jina. Chukua mathalani jina Pemba: laweza kuwa kisiwa cha Tanzania, au mji wa pwani ya kaskazini ya Msumbiji. Makala inayotaja Pemba haina budi kumpeleka msomaji mahali panapokusudiwa, na mhariri anayekirekebisha kiungo cha aina hiyo huandika dab.

Kuna pia rv, yaani mhariri amelirudisha toleo lililotangulia, na rvv, yaani amelirudisha kwa sababu ukurasa ulikuwa umeharibiwa kwa makusudi. Mwisho ni herufi m, ambayo haiandikwi na mhariri, bali hujitokeza anapotia alama kwamba badiliko lake ni dogo. Badiliko dogo, kwa kanuni za wahariri, ni lile ambalo hakuna mtu mwenye busara angelibishania: herufi iliyorukwa, nafasi iliyozidi, au nukta iliyosahauliwa.

Kwa nini kuandika kwa ufupi?

Sababu ya kwanza ni wakati. Mtu anayefuatilia mamia ya mabadiliko kwa siku hawezi kusoma kila ukurasa upya. Herufi mbili humsaidia kuamua ni mabadiliko yapi ayatazame kwanza.

Sababu ya pili ni ya kiufundi. Kwa miaka mingi muhtasari haukuruhusiwa kupita baiti 255. Baiti ni kipimo cha nafasi katika kumbukumbu ya kompyuta. Kwa utaratibu wa uandishi unaotumiwa na Wikipedia, kila herufi ya Kilatini isiyo na alama ya ziada, kama hizi tunazoandikia Kiswahili leo, huchukua baiti moja. Herufi ya Kiarabu au ya Kirusi huchukua mbili, na herufi ya Kihindi huchukua tatu. Hivyo Mwingereza au Mswahili aliweza kuandika herufi 255, Mrusi 127, na Mhindi 85 tu. Laiti Kiswahili kingeandikwa kwenye kompyuta kwa herufi za Kiarabu, kama wazee wa pwani walivyokiandika kwa karne nyingi, nafasi yake nayo ingalipungua kwa nusu. Mwaka 2018 kipimo hicho kilibadilishwa, na tangu hapo huhesabiwa herufi zenyewe, mpaka kufikia 500, bila kujali lugha.

Kipimo kisichopima maana

Karibu na muhtasari, kompyuta huonyesha idadi ya baiti zilizoongezeka au kupungua. Mwanafunzi aweza kudhani kwamba tarakimu hiyo yatosha kumwambia ukubwa wa badiliko. Tuijaribu dhana hiyo kwa mifano miwili.

Urefu wa Mlima Kilimanjaro ni meta 5,895. Tuseme mtu ameifuta tarakimu 8 na kuandika 3, ukurasa ukasomeka meta 5,395. Mlima umepoteza nusu kilometa, lakini kompyuta itaonyesha sifuri, kwa kuwa tarakimu moja imechukua nafasi ya nyingine. Sasa tutazame sentensi isemayo kwamba mtaalamu fulani anakubali nadharia fulani. Mtu akiandika hakubali mahali pa anakubali, ukurasa umepungua kwa baiti moja tu, ilhali maana imegeuka kichwa chini.

Kompyuta hupima ukubwa wa maandishi, wala haipimi uzito wa maana. Pengo hilo hujazwa na muhtasari wa mhariri. Ikiwa aliyebadili urefu wa mlima ameandika sp na kutia alama ya badiliko dogo, basi ametoa ushahidi wa uongo, na wengi watampita bila kumchunguza. Ufupisho uliobuniwa kuwarahisishia waangalizi kazi hugeuka kuwa pazia la kuwafumba macho.

Funzo la mwaka 2005

Ushahidi wa kweli nao una mipaka yake, kama lilivyoonyesha tukio moja mashuhuri. Tarehe 26 Mei 2005 mtu asiyejitambulisha aliandika katika Wikipedia ya Kiingereza habari za John Seigenthaler, mwandishi wa habari wa Marekani ambaye mwanzoni mwa miaka ya 1960 alikuwa msaidizi wa Robert Kennedy. Maandishi hayo yalidai kwamba Seigenthaler aliwahi kushukiwa kuhusika katika mauaji ya John Kennedy na ya Robert Kennedy. Madai hayo yalikuwa uzushi mtupu.

Siku tatu baadaye, tarehe 29 Mei, mhariri mwingine aliupitia ukurasa huo. Alisahihisha tahajia ya neno moja, akaondoka. Uzushi ukabaki mahali pake kwa zaidi ya miezi minne, mpaka ulipoondolewa mwezi wa Oktoba. Seigenthaler mwenyewe alieleza mkasa huo katika gazeti la USA Today tarehe 29 Novemba 2005, na mwezi uliofuata Wikipedia ya Kiingereza iliwazuia watu wasiojiandikisha kuanzisha makala mpya.

Msomaji ataona kwamba yule aliyesahihisha tahajia hakudanganya. Neno lilikuwa na kosa, naye alilitoa. Lakini usahihi wa herufi si uthibitisho wa ukweli wa habari. Ufupisho hueleza kile tu ambacho mkono wa mhariri umekigusa. Hausemi neno lolote kuhusu kile ambacho jicho lake limekipita. Ukurasa wenye historia ndefu ya masahihisho ya tahajia waweza kuwa safi kwa lugha na mchafu kwa habari.

Herufi zinazoumiza

Katika ufupisho wote, rv na rvv ndizo zinazohitaji uangalifu mkubwa. Kuirudisha kazi ya mtu ni kumwambia kwamba jasho lake limemwagika bure. Akielezwa sababu, aweza kujifunza. Akikuta herufi mbili kavu, ataona amedharauliwa, na aghalabu atairudisha kazi yake kwa hasira. Ndiyo maana Wikipedia ya Kiingereza ina kanuni inayomkataza mhariri kurudisha matoleo zaidi ya mara tatu katika ukurasa mmoja ndani ya saa 24.

Rvv ni nzito zaidi, kwa kuwa inamshtaki mtu kwa uharibifu wa makusudi. Mgeni aliyekosea kwa kutojua si mharibifu, na mtu mwenye maoni tofauti si mharibifu. Tena muhtasari ukishahifadhiwa, aliyeuandika hawezi kuurekebisha. Makala yenyewe yaweza kuhaririwa mara elfu, lakini shutuma ya mstari mmoja hubaki katika historia kama ilivyotoka.

Hata mashine zimefunzwa adabu hii. Tangu mwishoni mwa mwaka 2010 programu iitwayo ClueBot NG imekuwa ikitafuta uharibifu katika Wikipedia ya Kiingereza na kuuondoa, baada ya kujifunza kutokana na mifano iliyopambanuliwa na binadamu. Muhtasari wake husema kwamba imerudisha kinachoelekea kuwa uharibifu, kisha humwonyesha msomaji mahali pa kuripoti ikiwa programu imekosea.

Kiswahili na shule zetu

Mhariri wa Kiswahili afanyeje? Kuandika ce au rm katika ukurasa wa Kiswahili ni kumtaka msomaji ajue kwanza Kiingereza ndipo aelewe kilichofanyika. Wala hapana haja kubwa ya kufanya hivyo. Kitenzi cha Kiswahili hubeba mtenda, wakati na mtendwa katika neno moja. Sentensi kama hii, Nimeurekebisha mwaka kufuatana na chanzo kilichotajwa, haizidi herufi na nafasi 53, nayo imeeleza nani, nini na kwa nini. Maneno kama tahajia, chanzo, kiungo na sarufi nayo ni mafupi ya kutosha, na mwanafunzi wa sekondari huyaelewa bila orodha ya maelezo.

Wajibu mwingine huwahusu wanaotafsiri. Makala nyingi za Kiswahili zimetafsiriwa kutoka Wikipedia ya Kiingereza. Leseni ya Wikipedia humruhusu kila mtu kuyatumia maandishi hayo, kwa sharti kwamba waandishi wake watambuliwe. Muhtasari ndio mahali pa kutaja kwamba makala imetafsiriwa, na kutoka ukurasa upi. Kuacha nafasi hiyo wazi ni kuvaa kazi ya wengine kama kwamba ni yako.

Walimu waweza kuifundisha desturi hii hata pasipo kompyuta wala umeme. Katika maabara, mwanafunzi aliyeandika kipimo kwa makosa hafuti kwa kifutio. Hukata kwa mstari mmoja ili tarakimu ya kwanza iendelee kusomeka, huandika iliyo sahihi kando yake, kisha hutia tarehe, ufupisho wa jina lake na sababu. Darasa laweza kugawana daftari moja la hali ya hewa, au la kumbukumbu za bustani ya shule, kila kundi likiruhusiwa kusahihisha kazi ya lile lililotangulia kwa sharti la kuandika muhtasari wa maneno yasiyozidi kumi. Baada ya wiki chache wanafunzi wasome mihtasari peke yake, bila kutazama kurasa, na wajaribu kueleza nini kilitokea. Kisha wafungue kurasa na kulinganisha.

Pale ambapo maelezo na ukurasa vinapatana, daftari hilo laweza kuaminiwa na mtu ambaye hakuwapo. Pale visipopatana, mwalimu asikimbilie kuuliza nani alikosea tarakimu. Aulize kwanza nani aliandika kwamba amefanya jambo moja, ilhali alifanya jingine.