Fahamu: Bibi wa Mara mbele ya kamera

Kwenye filamu za Kibongo, bibi mara nyingi ni mchawi au mama mkwe mkorofi. Mwigizaji Bi Mwenda wa kundi la Kaole alizoeleka hivyo. Lakini kamera zinazofika Serengeti na Tarime, mkoani Mara, humkuta bibi mwingine: ngariba, anayekeketa wasichana.

Mwaka 2018 ilitoka In the Name of Your Daughter, filamu ya Giselle Portenier inayomfuata mwanaharakati Rhobi Samwelly na wasichana wanaokimbilia nyumba salama ya Mugumu msimu wa ukeketaji ukiwadia, Desemba. Taarifa za televisheni kutoka Tarime nazo huwaonyesha ngariba waliotupa visu wakieleza kwa nini waliacha. Ni nafasi ngumu kwa mwanamke mzee, shahidi na mtuhumiwa kwa pamoja, kwani sheria ya 1998 inakataza kumkeketa aliye chini ya miaka 18.

Kumfanya bibi adui pekee ni rahisi mno. Ngariba hulipwa na familia, na msimu hutangazwa na wazee wa mila, ambao ni wanaume. Hao kamera huwapata kwa nadra.