Douglas Strachan (1875-1950): Mchoraji na Fundi wa Vioo vya Rangi wa Uskoti

Katika Kiswahili, neno "kioo" hubeba maana mbili. Kioo ni kile ambamo mtu hujitazama uso, tena ni kile kiwekwacho dirishani ili mwanga upite. Sanaa ya vioo vya rangi yahusu maana ya pili. Lakini kazi za Douglas Strachan zaonyesha kwamba maana ya kwanza haiko mbali.

1. Maisha yake

Strachan alizaliwa mwaka wa 1875 mjini Aberdeen, bandari ya kaskazini-mashariki mwa Uskoti. Hakuanza na madirisha ya makanisa. Kwanza alijifunza kazi ya kuchapa picha kwa mawe katika gazeti moja la mji huo, akasoma pia uchoraji katika Gray's School of Art. Kati ya mwaka wa 1895 na 1897 aliishi Manchester, Uingereza, akichora vikatuni vya siasa magazetini. Aliporudi Aberdeen alichora picha za watu na picha za ukutani, na karne ya kumi na tisa ilipokuwa ikielekea mwisho akageukia vioo. Mwaka wa 1909 aliitwa kuongoza mafunzo ya ufundi katika Edinburgh College of Art, lakini miaka miwili baadaye aliiacha kazi hiyo ili aishughulikie karakana yake mwenyewe. Alifariki mwaka wa 1950.

2. Ufundi wa vioo vya rangi

Dirisha la namna hii halipakwi rangi kama kitambaa cha mchoraji. Sehemu kubwa ya rangi imo ndani ya kioo chenyewe, kwa kuwa madini kama kobalti na shaba huchanganywa humo wakati kioo kinapoyeyushwa tanuruni. Msanii huanza kwa mchoro mdogo, kisha huuchora upya kwa ukubwa halisi wa dirisha, akionyesha mpaka wa kila kipande. Vioo hukatwa kwa kuufuata mchoro huo. Nyuso, vidole na mikunjo ya nguo huchorwa kwa unga mweusi wenye chuma na kioo kilichosagwa, na vipande hutiwa tanuruni hadi unga huo ushikamane na kioo. Dawa yenye madini ya fedha ndiyo itoayo manjano. Hatimaye vipande huunganishwa kwa mikanda ya risasi, na dirisha zima huimarishwa kwa vyuma.

Mikanda hiyo huikata picha kwa mistari myeusi ambayo haiwezi kufichwa. Fundi dhaifu huiona kuwa kizuizi. Fundi hodari huifanya kuwa sehemu ya mchoro. Haishangazi basi kwamba mtu aliyezoea vikatuni, ambavyo nguvu yake yote imo katika mstari, aliimudu kazi hiyo.

3. Kazi zake kuu

Kazi iliyomtangaza nje ya nchi yake ni madirisha manne ya Jumba la Amani, The Hague, Uholanzi. Jumba hilo lilijengwa kwa fedha za Andrew Carnegie, tajiri aliyezaliwa Uskoti na kutajirikia Marekani, na mataifa mbalimbali yalileta zawadi za kulipamba. Zawadi ya Uingereza ilikuwa madirisha ya Strachan katika Ukumbi Mkuu wa Haki. Yanaonyesha safari ya wazo la amani, kutoka enzi za kale na enzi za ushindi wa mabavu hadi amani iliyotimia. Jumba lilifunguliwa tarehe 28 Agosti 1913. Mwaka haujaisha, vita vikuu vya kwanza vya dunia vikazuka.

Baada ya vita hivyo Strachan alitakiwa kuchora maombolezo. Ndiye aliyetengeneza madirisha ya Ukumbusho wa Kitaifa wa Vita wa Uskoti, uliobuniwa na msanifu Robert Lorimer ndani ya ngome ya Edinburgh na kufunguliwa mwaka wa 1927. Katika kanisa la Winchelsea, kusini mwa Uingereza, dirisha lake moja lawakumbuka mabaharia 17 wa mashua ya uokoaji Mary Stanford, waliokufa maji mnamo Novemba 1928 walipokwenda kuwaokoa wengine.

4. Hitimisho

Ukumbi wa The Hague wenye madirisha hayo ndimo inamokutana Mahakama ya Kimataifa ya Haki. Huko ndiko Kongo ilikopeleka mashtaka yake dhidi ya Uganda mwaka wa 1999. Tarehe 19 Desemba 2005 Mahakama iliamua kwamba Uganda ilivunja sheria ya kimataifa kwa kutumia nguvu za kijeshi katika ardhi ya Kongo; na tarehe 9 Februari 2022 ikaagiza Uganda ilipe fidia ya dola milioni 325. Fidia hiyo ilihusu watu waliouawa na kuumizwa, mali zilizoharibiwa na utajiri wa nchi ulioporwa.

Strachan hakuyajua hayo. Lakini enzi ya mabavu aliyoichora kana kwamba imekwisha pita ilisimuliwa tena katika ukumbi uleule, na waliosimuliwa ni watu wa Ituri na Kisangani. Hapo ndipo kioo cha dirisha kinapokuwa kioo cha kujitazamia.