Kicheko cha Mgambo

Mwaka 1968, Shirika la Utangazaji la Uingereza, BBC, lilikuwa na mchezo wa kuchekesha ambao baadhi ya wakubwa wake waliuonea shaka. Uliitwa "Dad's Army", yaani Jeshi la Baba, nao uliwahusu mgambo wa mwaka 1940: wazee na vijana ambao jeshi la kawaida halikuwachukua, waliokusanywa kuilinda Uingereza dhidi ya Wajerumani. Vita vilikuwa vimekwisha miaka 23 tu nyuma. Je, ilijuzu kuwacheka watu waliokuwa tayari kuifia nchi yao?

Swali hilo halikuwa la kipuuzi, nasi hatuwalaumu walioliuliza. Mkuu wa idhaa ya BBC1, Paul Fox, alikataa mchezo usifunguliwe kwa picha halisi za wakimbizi na askari wa Kinazi. Mtayarishaji na mwongozaji wake, David Croft, alibishana, kisha akaziondoa. Kikaongezwa kipande cha utangulizi kinachowaonyesha wahusika hao hao katika mwaka 1968, wakiwa wazalendo wema wanaounga mkono kampeni ya kuinua uchumi wa nchi yao. Husimuliwa pia kwamba watazamaji wa majaribio hawakupendezwa, na Croft akaifukia ripoti yao chini ya makaratasi mpaka mchezo ukaenda hewani. Kwa mtumishi wa umma, hilo si tendo la kuigwa. Hata hivyo, lau angekuwa mtiifu zaidi, Waingereza wangeikosa kazi iliyodumu hadi 1977, ikafikia vipindi 80 na kutazamwa na watu wapatao milioni 18.

Croft alijua alichokuwa akikitetea. Mwenzake katika uandishi, Jimmy Perry, alikuwa mgambo alipokuwa kijana. Croft mwenyewe, aliyezaliwa 1922 na wazazi waigizaji, alitumikia jeshi la mizinga Afrika ya Kaskazini na India, akamaliza vita akiwa meja. Watu hawa wawili hawakuucheka ushujaa, waliicheka takaburi. Kapteni Mainwaring ni meneja wa benki katika mji mdogo wa pwani, aliyejitwalia uongozi, na Sajini Wilson, aliye chini yake benki na jeshini pia, ndiye mwenye nasaba ya kiungwana. Kila amri ya kapteni hukutana na upole wa sajini unaomkata maini. Lakini hatari ya kweli inapotokea, kapteni huyo mfupi husimama mbele ya watu wake, na hapo mtazamaji hucheka kwa heshima.

Baada ya hapo kazi zilifuatana: "Are You Being Served?" ya duka kubwa la nguo, 1972 hadi 1985, "Hi-de-Hi!" ya kambi ya mapumziko, na "'Allo 'Allo!" ya mkahawa katika Ufaransa iliyotekwa, ambayo kwetu sisi ina kelele kuliko maana. Utaratibu wake ulikuwa mmoja. Alishiriki kuandika, akatayarisha, na mara nyingi akaongoza. Na waigizaji aliowaamini aliwahamisha kutoka mchezo mmoja hadi mwingine, wakazoeana kama kikundi cha taarabu. Mwishoni mwa kila kipindi aliwaonyesha mmoja mmoja, kila uso na jina lake. Alifariki Ureno mwaka 2011, akiwa na umri wa miaka 89.

Limebaki jambo ambalo hatuwezi kulipita. Kuanzia 1974 hadi 1981, Croft na Perry walitoa "It Ain't Half Hot Mum", juu ya kikundi cha wachekeshaji wa jeshi la Waingereza huko India, na baadaye Bama, nchi ambako askari wa KAR kutoka Afrika Mashariki walipigana mwaka 1944. Humo napo wakubwa wa Kiingereza walichekwa barabara. Lakini Rangi Ram, Mhindi mwenye nafasi kubwa kuliko Wahindi wenzake mchezoni, aliigizwa na Mwingereza Michael Bates, akiwa amepakwa rangi usoni. Bates alizaliwa India na lugha ya huko aliijua. Perry aliutetea uamuzi huo, na BBC kwa miaka mingi haikuurudia mchezo wenyewe. Waigizaji wenye asili ya Bara Hindi walikuwamo studio siku zote hizo. Walipewa nafasi ya muuza chai, na ya mvuta kamba ya upepeo.