Mgonjwa wa Nafsi Si Zimwi



Jioni moja baada ya sala ya Alasiri tuliwasikia vijana watatu wakizungumza katika baraza ya madrasa yetu. Walikuwa wametazama katika simu sinema ya Kimarekani iitwayo Split, iliyoonyeshwa kwanza mwaka 2016. Yahusu mtu mwenye nafsi 23 katika mwili mmoja, ambaye awateka wasichana watatu, na mwisho yamtokea nafsi ya 24 yenye nguvu na ukali wa mnyama. Mmoja wao akamtaja mama wa mtaani kwetu, ambaye mara nyingine hupotewa na fahamu akasema kwa sauti ngeni. Akasema, "Basi yule mama ndiye huyu. Tumpite mbali, siku moja atatuua."

Neno hilo lilituchoma. Sisi hatukusoma utabibu. Elimu yetu ni ya chuoni na ya shule ya msingi. Lakini tumeamrishwa kuwauliza wenye kujua. Tukamwendea kijana wetu mmoja aliyesomea maradhi ya akili, tukakaa naye siku kadha wa kadha, akatufasiria vitabu. Haya ndiyo tuliyoyapata.

Maradhi ya nafsi kugawanyika yapo kweli. Matabibu wa Marekani waliyaandika katika kitabu chao cha maradhi ya akili mwaka 1980 kwa jina la nafsi nyingi. Mwaka 1994 wakalibadili jina hilo, kwani hawakuwa watu wengi walioingia mwili mmoja, bali mtu mmoja ambaye nafsi yake haikuungana. Mfano wake ni nyumba yenye vyumba vingi ambayo milango ya ndani imefungwa. Aliye katika chumba hiki hajui yapitayo katika kile, lakini nyumba ni moja na mwenyewe ni mmoja. Mgonjwa hupotewa na saa, pengine siku nzima, asikumbuke alilolitenda. Wengi wao huificha hali hiyo kwa haya, hata watu wa nyumbani wasitambue.

Na chanzo chake? Matabibu wengi wasema kwamba ni mateso ya utotoni: mtoto kupigwa kupita kiasi, kuingiliwa, au kutupwa bila ya malezi, tena mara kwa mara, na pengine na yule yule ambaye angemkimbilia. Mwili wake hauna pa kukimbilia, basi akili ndiyo hukimbia. Kitabu cha matabibu cha mwaka 2013 chasema kwamba huko Marekani, Kanada na Ulaya kiasi cha asilimia 90 ya wagonjwa hawa walieleza kuwa waliteswa au kutelekezwa utotoni. Chasema pia kwamba zaidi ya asilimia 70 ya wale wanaotibiwa nje ya hospitali wamewahi kujaribu kujiua. Wasomaji na wazingatie hapo. Hatari kubwa ya mgonjwa huyu ni juu ya roho yake mwenyewe, wala si juu ya jirani yake.

Mbona basi hadithi zimemfanya zimwi? Hilo si la leo. Mwaka 1886 Robert Louis Stevenson alitoa hadithi ya Dr Jekyll na Mr Hyde, mtu mmoja mwenye sura mbili, ya wema na ya uovu. Mwaka 1960 ikatoka sinema iitwayo Psycho, na humo mwenye nafsi mbili ni muuaji. Khofu huuza tikiti, na machozi ya mgonjwa hayauzi.

Hata hadithi zilizoitwa za kweli hazikusalimika. Mwaka 1957 matabibu wawili wa Georgia, Thigpen na Cleckley, walitoa kitabu kiitwacho The Three Faces of Eve juu ya mwanamke waliyekuwa wakimtibu, na mwaka huo huo ikafuata sinema. Katika sinema mwanamke huyo ana nafsi tatu. Akumbuka tukio moja la utotoni, alipolazimishwa kumbusu bibi yake aliyekufa, na mara apona. Joanne Woodward aliyemwigiza akapewa tuzo ya Oscar, na watazamaji wakarudi makwao wamefurahi.

Lakini mwanamke mwenyewe alikuwa hai, wala hakuwa amepona. Jina lake Chris Costner Sizemore. Alilificha jina lake miaka mingi, hata alipojitokeza katika miaka ya 1970, na mwaka 1977 akatoa kitabu chake mwenyewe. Akaeleza kwamba nafsi zake hazikuwa 3 bali zaidi ya 20, na kwamba tiba yake iliendelea miaka mingi baada ya sinema kwisha. Alipopona alizunguka akiwafundisha watu wasiwaogope wagonjwa wa akili. Alifariki mwaka 2016 akiwa na umri wa miaka 89, mwaka ule ule ilipoonyeshwa sinema waliyoitazama vijana wetu.

Kisa cha pili ni cha Sybil, kitabu cha mwaka 1973, juu ya mwanamke aliyesemwa kuwa na nafsi 16. Baadaye ikajulikana kwamba mwaka 1958 mgonjwa huyo alimwandikia tabibu wake kwamba hakuwa na nafsi hizo. Tabibu hakuyakubali hayo, na mabishano hayajesha. Wako hata leo matabibu wanaoona kwamba baadhi ya wagonjwa hutiwa mambo haya na maswali ya tabibu au na hadithi walizozisoma. Basi Mwislamu afikiwapo na habari na aichunguze: asiamini kila kisa, wala asiwaite wagonjwa wote waongo.

Hapa pwani twasema, "Ana pepo." Sisi hatukanushi kuwapo kwa majini. Lakini si kila sauti ngeni ni ya jini, na kitabu kile cha mwaka 2013 chaeleza kwamba katika nchi nyingine maradhi haya huonekana kwa sura ya mtu aliyepandwa. Asomewe Qur'ani, ni kheri. Na apelekwe hospitali pia. Kumpiga ili jini litoke ni kutia jeraha juu ya jeraha. Tiba yenyewe ni mazungumzo na tabibu mjuzi kwa muda mrefu: kwanza mgonjwa apate amani, kisha yaliyompata yaguswe pole pole, kisha pande za nafsi yake zijuane.

Nasi tunalo la kukiri. Miaka mingi iliyopita tulikuwa na mwanafunzi wa kike wa miaka tisa. Leo akisoma sura nzima bila ya kosa, kesho akiitazama kama asiyewahi kuiona, akasema hakuisoma kamwe. Tulimwita mwongo, tukamchapa bakora. Baadaye yalidhihirika aliyokuwa akitendewa na jamaa mmoja wa nyumba aliyolelewa. Hatusemi kwamba alikuwa na maradhi haya. Hilo ni la matabibu, na hakuna aliyempeleka kwao. Twasema tu kwamba huenda alikuwa akitwambia kweli, nasi tukamchapa.

Kwa hiyo, wazazi na walimu wenzetu, mtoto aduwaaye, asahauye mambo ya jana, au amkimbiaye mtu fulani wa nyumbani, tumuulize kwa upole kabla ya kushika bakora. Wala tusimfiche mwovu kwa kuwa ni jamaa. Aibu ni yake yeye aliyetenda.

Vijana wale tuliwaita tukawasimulia haya yote. Aliyesema neno lile alinyamaza kitambo, kisha akauliza, "Sasa, Mwalimu, tukikutana na yule mama tufanye nini?"

Tukamjibu, "Mwamkieni, kama mnavyowaamkia mama zenu."

Mwenyezi Mungu awaponye wagonjwa wetu, na awahifadhi watoto wetu majumbani mwetu. Amin.