Mwito wa Usaili Usiomfikia Mwalimu



Kwa wengi wa wasomaji wetu wa Pwani, Timau ni mbali. Ni mji mdogo wa kaunti ya Meru, kaskazini mwa Mlima Kenya, kando ya barabara itokayo Nanyuki kwenda Meru. Nchi ya ngano, viazi na mashamba ya maua, yenye baridi ambayo mtu wa Kisauni huiona kama adhabu. Waislamu wa huko ni wachache, lakini miongoni mwao wamo binti zetu walioolewa. Mmoja wao ni mwalimu aliyehitimu na kusajiliwa na Tume ya Huduma za Walimu (TSC), na kwa miaka kadhaa amekuwa akiomba kazi ya kudumu. Lililomfika tunalieleza kwa idhini yake, bila ya kumtaja jina.

Aliomba nafasi katika shule moja ya sekondari. Hana kompyuta, basi alikwenda saiba ya mjini. Kijana wa saiba akamfungulia barua pepe, akabuni neno la siri analolijua yeye kijana, na akaandika nambari ya simu ya mume. Maombi yakaenda salama. Siku ya usaili ikapangwa na mwito ukapelekwa katika ile barua pepe. Wakati huo mume alikuwa safarini na mifugo upande wa Isiolo, simu yake haipatikani, na barua pepe haikufunguliwa na mtu. Dada yetu alipata habari siku nne baada ya usaili, kutoka kwa mwenzake wa chuoni aliyemuuliza mbona hakumwona. Ana miaka 43. Matangazo ya ajira ya walimu yamekuwa yakiweka mpaka wa umri wa miaka 45.

Je, aliarifiwa au hakuarifiwa?

Wanaosema aliarifiwa wana hoja. Anwani aliitoa mwenyewe, na ofisi inayopokea maombi ya maelfu ya watu haiwezi kubisha hodi mlango kwa mlango. Tena tusiusahau wema wa njia hii. Zamani mwalimu alizunguka na faili mkononi, kutoka shule hadi shule, na kila mlango ulikuwa na mwenyewe. Maombi ya mtandaoni yamempunguzia mwanamke nauli, na yamempunguzia pia kukaa faragha na mtu asiyekuwa maharimu wake akiombwa ‘chai’. Wala hatusemi kwamba ufisadi umekwisha. Mwaka 2025 magazeti ya nchi hii yaliandika habari za wanasiasa kugawa barua za ajira za walimu hadharani, kana kwamba ni sadaka itokayo mifukoni mwao.

Hata hivyo, kupeleka habari na kuifikisha ni mambo mawili. Ibara ya 47 ya Katiba ya mwaka 2010 inampa kila mtu haki ya kutendewa na ofisi za umma kwa uharaka, kwa sheria, kwa busara na kwa utaratibu wa uadilifu, na anayedhuriwa na uamuzi ana haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Sheria ya mwaka 2015 iliyotungwa kuitekeleza ibara hiyo inataka mtu apewe taarifa mapema na ya kutosha kabla ya uamuzi utakaomdhuru. Na kanuni za kesi za madai ziliporekebishwa mwaka 2020 ili hati za mahakama ziweze kupelekwa kwa barua pepe na kwa simu, hazikuridhika na anwani yoyote tu. Zilitaka iwe anwani ya mwisho iliyothibitishwa na inayotumiwa na mhusika. Kanuni hizo ni za mahakama, si za ajira, lakini kipimo chake ni kizuri na hatuoni kwa nini bodi ya shule isikifuate.

Fiqhi yetu imelijua jambo hili tangu Madina. Watu wa Quba walikuwa katika sala ya alfajiri wameelekea Sham, akawajia mtu na habari kwamba Mtume (SAW) ameamrishwa kuelekea Al-Kaaba. Wakageuka humo humo ndani ya sala. Amri ilikuwa imekwisha kuteremka kabla yao kujua, wala sehemu ya sala waliyokwisha kuiswali haikubatilishwa. Wanavyuoni wengi wakatoa humo hoja kwamba hukumu humlazimu mtu inapomfikia. Walisema pia kwamba mwenye uwezo wa kujua, kisha akapuuza, hana udhuru. Kwa hiyo mzigo una pande mbili. Sisi tunaona ulio mzito ni wa ofisi, kwa kuwa ndiyo yenye uwezo: ipeleke mwito kwa barua pepe na kwa ujumbe wa simu, ibandike orodha langoni mwa shule na kwa afisa wa elimu wa eneo, na iache siku za kutosha kabla ya usaili.

Upande wetu sisi wa nyumbani pia una la kusemwa. Ujumbe wa mke uliofika katika simu ya mume ni amana, sawa na fedha alizowekewa. Mume anayeusoma na kunyamaza, ama kwa kusahau ama kwa kutopenda mkewe aajiriwe, amekhini amana. Akiwa hataki, na aseme waziwazi, wazungumze. Na kina dada, fungueni barua pepe kwa mikono yenu, neno la siri msimwachie mtu wa saiba, na laini ya simu isajiliwe kwa kitambulisho chako mwenyewe.

Aliyekwisha kupitwa asikae akilia. Matangazo ya TSC yamekuwa yakitoa siku 7 baada ya usaili kwa asiyeridhika kulalamika kwa maandishi, basi aandike siku hiyo hiyo anayopata habari: tarehe ya maombi, anwani aliyoitoa, namna alivyojua na siku aliyojua. Akitaka kuona orodha ya walioitwa na alama walizopewa, Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2016 inaipa ofisi ya umma siku 21 kumjibu. Isipomjibu, malalamiko hupelekwa kwa ofisi ya Ombudsman, na hapahitajiki wakili. Nakala ya kila barua ibaki nyumbani, ikiwa na muhuri wa ofisi iliyoipokea.