Nge Aliyetugombanisha Ukweni

Yule mkubwa mweusi anatisha kwa macho, lakini mdogo mwenye mkia mnene ndiye wa kumkimbiza mtoto hospitali. Mimi nililijua hilo saa saba ya usiku, Same, mbele ya mama mkwe.

Mume wangu amezaliwa Novemba, nyota ya Nge. Wapenzi wa kurasa za nyota mnazijua sifa zao: wivu, siri nyingi na kisasi kisichosahau. Tulipokuwa wachumba nilimtania sana kwa hilo. Utani huo uliisha usiku mmoja wa Desemba 2022, tukiwa ukweni, nge wa kweli alipomuuma binti yetu wa miaka minne.

Mnaokwenda Upareni kila mwisho wa mwaka mnajua nyumba inavyojaa. Watoto wote hulazwa sebuleni, magodoro chini, wamebanana kama dagaa. Jioni ile mvua ya vuli ilikuwa imepiga kidogo, joto likabaki palepale. Tulikula makande, tukapiga soga, tukalala. Saa saba nikasikia ukelele ambao kila mama anaujua, ule usio wa ndoto.

Pembeni ya mto alikuwapo nge, rangi ya majani makavu, mdogo, hafiki hata urefu wa kidole changu. Mama mkwe alimmaliza kwa kandambili, pigo moja. Kisha akanigeukia kwa upole kabisa.

"Mwanangu, tulia. Huyu ni mdogo, hana neno. Wa kuogopa ni yule mweusi mkubwa."

Akachana kipande cha kanga, akaufunga mkono wa mtoto juu ya kiwiko, akaagiza wembe ili achanje sumu itoke. Nikasema, "Hapana mama, tusimkate." Sebule nzima ikanyamaza. Si unajua tena, mkamwana hampingi mama mkwe mbele ya watu, tena nyumbani kwake. Nikamtazama mume wangu. Akatazama sakafu.

Hatukukaa hata nusu saa. Mtoto akaanza kutokwa mate mengi, miguu ikawa inarusharusha, macho yanazunguka kama anatafuta kitu darini. Hapo ndipo mume wangu alipopata sauti. "Mama, nisamehe. Tunakwenda hospitali sasa hivi." Akaifungua ile kanga mwenyewe.

Mama hakubisha. Alichofanya kimenibakia mpaka leo: alimzoa yule nge aliyekufa kwa kipande cha karatasi, akamtia kwenye kopo tupu la Blue Band, akapanda gari pamoja nasi.

"Mmekuja naye?"

Daktari wa zamu alilifurahia lile kopo kuliko maelezo yetu yote. Alimgeuza nge kwa ncha ya kalamu, akatazama mkia, akatazama magando, akatikisa kichwa. Mtoto akapewa dawa ya maumivu, pumzi zake zikaangaliwa hadi asubuhi. Kufika saa sita mchana alikuwa anadai soda. Mimi nilikuwa bado natetemeka.

Swali lililonisumbua ni moja: daktari alitazama nini kwenye ule mkia? Jibu nililipata kwa shemeji yangu, mdogo wa mume wangu, mwalimu wa baiolojia. Jioni ile alilichukua kopo, akamlaza nge juu ya gazeti, akatuita wote tutazame, na mama naye akiwemo.

Magando kwanza, mkia baadaye

"Shemeji," akaanza, "nge ana silaha mbili. Magando ya kubania na mwiba wa sumu. Aliyejaliwa magando makubwa huyategemea hayo kuvunjia mawindo, sumu yake mara nyingi ni hafifu. Mwenye magando membamba kama koleo la sonara hana nguvu ya kuvunja kitu, kwa hiyo kazi yote anaifanya kwa sumu, na mkia wake unanenepa."

Kumbe! Duniani kuna aina zaidi ya 2,500 za nge, na zinazoweza kumuua binadamu ni chache, makumi tu. Karibu zote ziko kwenye familia moja, Buthidae, yaani hao hao wenye magando membamba na mkia mnene. Huyo wetu alikuwa wa familia hiyo. Aina yake hasa shemeji hakutaka kuitaja, maana alikuwa amepondeka na kandambili, na wataalamu hutofautisha aina kwa vitu vidogo kama vinyweleo vya magando na meno ya yale machanuo mawili yaliyo chini ya tumbo.

Ni kanuni ya kukadiria tu. Mwenye magando makubwa naye anauma, na maumivu ni maumivu. Ila inasaidia pale unapotakiwa kuamua haraka. Na kwa mtoto uamuzi unapaswa kuwa wa haraka zaidi, kwa sababu sumu ileile inayomliza mtu mzima inaingia kwenye mwili mdogo.

Mama mkwe alisikiliza yote, mikono kifuani. Mwisho akasema, "Basi miaka yote nimekuwa nikimkimbia asiye na kesi." Tukacheka. Kwa mara ya kwanza tangu usiku ule, alinitazama usoni.

Kila mtu na mtaa wake

Jambo ambalo mama alilijua kuliko mimi na shemeji ni makazi yao. Kesho yake alituzungusha mwenyewe.

Same ni mahali pa ajabu kwa hilo. Mji uko kwenye tambarare kavu iliyofichwa na mvua za milima, vichaka vya miiba vimetanda kuelekea Mkomazi, pori la akiba tangu 1951 lililopandishwa kuwa hifadhi ya taifa mwaka 2008. Ukiinua macho unaiona Milima ya Pare, na juu kabisa Shengena, mita 2,462, kwenye msitu wa Chome wenye ukungu na mvuke. Safari ya saa chache tu inakutoa jangwani, au karibu yake, hadi msituni. Nge nao hubadilika njiani.

Pale penye udongo mgumu mwekundu mama alituonyesha tundu chini ya jiwe, mdomo wake umelala kama mwezi mchanga. Huo ndio mlango wa nge wachimbaji. Tanzania tunao wakubwa weusi wa kundi la Pandinus, maarufu kwa magando mekundu, ambao urefu wao hupita sentimita 10. Huyu ndiye "mweusi wa kuogopwa" wa mama. Anatisha, magando yake yanabana haswa, lakini mkia ni mwembamba.

Penye mchanga, kwenye mizizi ya vichaka, ni mtaa wa Parabuthus. Afrika Mashariki yupo wa rangi ya manjano, mkia umenenepa kuliko magando yake, na mgongoni mwa mkia kuna sehemu yenye mikwaruzo anayoisugua kwa mwiba ikatoa sauti ya kuonya. Ndugu zake wa Zimbabwe na Afrika Kusini wamewahi kuua watu. Ukimwona wa namna hii, usimsogelee.

Chini ya magome ya miti, kwenye magogo na rundo la kuni, wanaishi wembamba wa makundi ya Uroplectes, Lychas na Babycurus. Nao ni familia ya Buthidae. Hawachimbi, wanajibanza tu, ndiyo maana wanaingia ndani kwa urahisi: leo ni gome la mti, kesho ni mkunjo wa shuka. Shemeji alimshuku mmoja wa ukoo huu. Kuni za mama zilikuwa zimepangwa ukutani, upande wa dirisha la sebule.

Kwenye nyufa za miamba unamkuta Iomachus, mweusi, bapa kana kwamba amepigwa pasi. Mwili ule umeumbwa kuingia kwenye ufa. Magando ni mapana, mkia umekonda. Huyu anakimbia kuliko kugombana.

Na kwa nini waje ndani mvua ikianza? Maji yanajaa kwenye mashimo, na wadudu wanatoka kwa wingi. Nyumba yenye mende na nyenje ni hoteli, nge anafuata chakula chake.

Disko la nge

Usiku wa tatu shemeji akatoa tochi ndogo ya mwanga wa urujuanimno, ule wa kukagulia noti bandia, unaofanya shati jeupe ling'ae klabu. Ngozi ya nge ina kemikali zinazong'aa mwanga huo ukiipiga. Tukazima taa, tukatoka nje na buti, na mama na kanga yake mabegani.

Jamani! Penye rundo la kuni, vitu viwili vikawaka rangi ya kijani-buluu kama simu zilizoachwa gizani. Mchana tulikuwa tumepita palepale mara mbili. Tuliwatoa kwa koleo refu la jikoni, na asubuhi mume wangu akazihamishia kuni zote mwisho wa uwanja. Aliifanya kazi ile bila kuambiwa, na mimi nikajua ndiyo namna yake ya kuomba msamaha kwa ile nusu saa ya kutazama sakafu.

Kwa nyie wapenzi, hili nalo lisiwapite. Nge dume akimtaka jike humshika magando yote mawili, wakaanza kwenda mbele na nyuma kama wanaocheza rumba, wakati mwingine kwa saa nzima na zaidi. Dume anatafuta mahali tambarare, anaacha kifuko cha mbegu chini, kisha anamvuta jike apite juu yake. Akichelewa kuondoka, mara nyingine huliwa. Jike hubeba mimba miezi mingi, huzaa watoto hai, weupe, na wao humpanda mgongoni wakakaa huko hadi wajivue ngozi ya kwanza.

Kabla hujasafiri na familia

- Lala kitandani, sogeza kitanda mbali na ukuta, chomeka chandarua vizuri chini ya godoro. Chandarua hakizuii mbu peke yake.
- Kung'uta viatu, shuka na nguo kabla ya kuvaa. Begi lifungwe zipu usiku.
- Kuni, matofali na mawe visikae karibu na mlango wala dirisha. Ziba nyufa, punguza mende.
- Usiende chooni usiku bila viatu na tochi.
- Mtu akiumwa: osha kwa maji na sabuni, weka kitambaa cha baridi, mpe dawa ya maumivu ya kawaida kwa kipimo cha umri wake. Usikate, usinyonye, usifunge kamba wala kanga. Kufunga kunaharibu mkono tu.
- Mtoto, mzee au mgonjwa apelekwe hospitali moja kwa moja. Kwa mtu mzima, usisubiri ukiona mate mengi, jasho jingi, kurusharusha viungo, macho kuzunguka au kupumua kwa shida.
- Ukiweza bila kujihatarisha, mpige picha nge. Magando na mkia vionekane.

Baada ya hapo

Usiku wa mwisho tulitoka tena na tochi. Mbali na nyumba, penye jiwe, alikuwapo mmoja anang'aa, ila mgongo wake una madoa yasiyowaka. Tukainama. Walikuwa watoto wake. Wakingali wachanga namna ile, ngozi yao haing'ai bado.

Mume wangu akanyanyua koleo. Mama akamshika mkono. "Mwache. Huku ni kwake, naye analea."

Njiani kurudi ndani akanishika bega, akasema taratibu, ili wengine wasisikie, "Siku ile ulifanya vizuri kunikatalia." Nilishindwa kujibu. Nikamshukuru kwa lile kopo.

Siku hizi kila tukipanga safari ya Same, simu ya kwanza kuingia ni yake. Anamsalimia mwanawe, anauliza hali ya mjukuu, kisha anataka kuongea na mimi: "Mwanangu, kuni nimeshazihamisha. Wewe njoo na ile tochi."